Hodi

Mlango wangu una makomeo matatu
na kadenasi moja ya Kichina
ambayo ufunguo wake naulalia.
Majirani wa Cimpunda hucheka:
Nabintu ana nini cha kuibiwa,
sufuria mbili na cherehani isiyo na mkanda?
Wacheke.
Waliokuja usiku ule, kule Kalonge,
hawakupiga hodi.

Nitaishia hapo.
Mengine niliyasema mara moja tu,
kwa yule aliyenioa.
Alinisikiliza hadi mwisho, akavaa viatu,
akaenda Uvira kununua mawese.
Huu ni mwaka wa sita.
Mawese gani hayo, jamani,
bado yanakamuliwa?

Basi mvua ya Novemba ikanivunjia mwavuli
pale Nyawera. Nikampelekea Murhula,
fundi anayeketi kando ya duka la dawa,
koleo mkononi, waya mdomoni.
Akaufungua, akahesabu mbavu kwa kidole.
"Mbili zimevunjika leo.
Hii ya tatu ilivunjika zamani,
ukaifunga kwa uzi."
Nikamwambia: tengeneza, usinisome.
Akacheka, waya ukamdondoka.

Nikalipa, nikaenda zangu.
Halafu, Mungu anisamehe,
katika mji huu ambao mvua haihitaji kuombwa
nikajikuta naiombea.

Jumapili moja akapanda hadi kwangu.
Akagonga.
Vidole viwili tu, taratibu,
kama mtu anayepima papai limeiva au bado.
Lakini mwili haukujua ni vidole vya nani.
Nilikuwa chini ya kitanda
na kisu cha vitunguu,
na nje nikasikia mfuko ukipasuka,
mandarini zikishuka ngazi za udongo moja moja,
watoto wa jirani wakizifukuza.

Sikumweleza.
Nilimwambia tu: mlango wangu usiugonge.
Hakuuliza kwa nini.
Juma lililofuata akaja akikohoa tangu mbali;
nikadhani mgonjwa, nikampikia tangawizi.
Juma jingine akaimba,
na mbwa wote wa Funu wakamjibu.
Mwishowe akapata:
"Ni Murhula. Niko kwenye mfereji."
"Ni Murhula. Niko ngazi ya nne."
"Ni Murhula. Nimesimama, sisogei."

Komeo la kwanza lilifunguka Krismasi.
La pili, baada ya Pasaka.
La tatu nalifungua, nalifunga, nalifungua,
na yeye yuko nje analowa,
fundi wa miavuli asiye na mwavuli,
ananisimulia bei ya sambaza.

Msiniulize kama nimepona.
Umeme ukikatika bado nahesabu madirisha.
Juzi aliinua mkono ajikune kichwa
nami nikaangusha kikombe.
Hakusema pole.
Aliuteremsha ule mkono polepole,
akaulaza mezani, kiganja juu,
akaendelea kula sombe kwa mkono wa pili.
Uliachwa pale kama kitu kisicho na mwenyewe.
Niliuangalia mpaka bugali likapoa.
Kisha nikaweka juu yake
kidole kimoja. Kidogo.
Kilikuwa kiganja kikavu, chenye kovu la waya.

Jana nilishuka Nyamugo.
Mlango wake ni wa mbao, rangi ya buluu
imebanduka pale chini maji yanaporukia.
Nikainua ngumi.
Ngumi nayo ikakumbuka mambo yake,
ikabaki hewani kama nguo iliyosahauliwa kambani.
Mama mmoja akapita na gunia la makala,
akaniangalia, akapita.

Nikasema kwanza, kwa sauti
ambayo sikuijua kuwa ni yangu:
"Ni Nabintu.
Niko mlangoni."

Halafu nikagonga.

Ndani, kiti kilisogezwa.